Earl Cameron hakufungua mlango, alifungiwa

Filamu za Uingereza za miaka ya 1950, zilizokaa maghalani kwa miongo, zinarudi kwa wingi. Zinasafishwa fremu kwa fremu, zinatolewa upya kwenye diski na mtandaoni, na nyingine zinatanguliwa na onyo kwamba ndani yake mna lugha na mitazamo ya enzi hizo. Pamoja nazo limerudi jina la Earl Cameron, mzaliwa wa Bermuda aliyefariki tarehe 3 Julai 2020 akiwa na umri wa miaka 102. Kila anapotajwa, hutajwa kwa sifa moja: mwigizaji Mweusi aliyewafungulia wenzake mlango wa sinema ya Uingereza. Sifa hiyo hutolewa kwa nia njema, lakini inapotosha. Cameron alifunguliwa mara chache, akaingia, akafanya kazi ya daraja la juu, na kila mara mlango ukafungwa tena, kwake na kwa waliomfuata. Kipaji hakikumpungukia. Kilichomzuia kuwa nyota ni utaratibu wa kawaida kabisa wa kutengeneza filamu: namna hati ilivyochambuliwa, namna taa zilivyopangwa, namna filamu ilivyouzwa nje, na namna hadithi ilivyotakiwa kuisha. Ukisema mlango ulifunguliwa, utaratibu huo unafichika, na jambo lililofichika halirekebishwi.

Cameron alizaliwa Pembroke, Bermuda, tarehe 8 Agosti 1917. Alikuwa baharia wa meli za biashara kabla ya kushuka London mwaka 1939, vita ikinukia. Kazi aliyoipata ilikuwa ya kuosha vyombo mgahawani. Mwaka 1941 tamthilia ya muziki iitwayo Chu Chin Chow ilikuwa imerudishwa jukwaani katika ukumbi wa Palace Theatre, na rafiki yake alikuwa mmoja wa kundi. Mchezaji mmoja akakosekana, Cameron akachukuliwa kuziba pengo. Hakuwa amesomea uigizaji popote. Alichokosa shuleni alikwenda kukitafuta kwa Amanda Ira Aldridge, bibi mzee aliyefundisha sauti na matamshi, ambaye kabla yake alikuwa amemfundisha Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji Mweusi wa Marekani. Bibi huyu alikuwa binti wa Ira Aldridge, Mmarekani Mweusi aliyecheza Othello katika jukwaa la Covent Garden mwaka 1833. Silsila hiyo inasikika katika kila filamu ya Cameron: anazungumza chini, hakimbilii mwisho wa sentensi, na neno la mwisho halimezi. Kwa mwigizaji aliyeokotwa kuziba pengo, hiyo ni kazi ya miaka, na nadhani ndiyo iliyofanya waongozaji wamwite pale walipohitaji mtu wa kubeba uzito bila kupaza sauti.

Mwaka 1951 studio ya Ealing ilitoa Pool of London, iliyoongozwa na Basil Dearden. Cameron ni Johnny, baharia wa Jamaika ambaye meli yake imetia nanga mtoni Thames kwa mapumziko ya mwisho wa wiki. Rafiki yake Dan, aliyeigizwa na Bonar Colleano, anampa mzigo mdogo amhifadhie, na Johnny hajui kwamba ndani mna almasi za wizi. Wakati huohuo anakutana na Pat, msichana wa kuuza tiketi za ukumbi wa burudani, aliyeigizwa na Susan Shaw. Wanatembea mjini pamoja, wanafika Greenwich penye mstari wa longitudo sufuri, wanazungumza. Hiyo hutajwa mara nyingi kuwa mara ya kwanza kwa filamu ya Uingereza kuonyesha mvuto kati ya mwanamume Mweusi na mwanamke wa Kizungu. Hawabusiani hata mara moja. Filamu inaisha Johnny akirudi melini, naye Dan akijisalimisha polisi ili rafiki yake asibebe lawama isiyo yake.

Hapa inafaa kuingia kwenye ufundi, maana wengi husema filamu za zamani "zilishindwa" kupiga picha watu weusi kana kwamba kamera ilikuwa na chuki yake yenyewe. Mpiga picha hupima mwanga kwa kufuata kijivu cha kati, kinachorudisha takriban asilimia 18 ya mwanga unaokiangukia. Ngozi ya Mzungu hurudisha kama asilimia 35. Ngozi nyeusi sana inaweza kurudisha chini ya asilimia 10. Tofauti hiyo ni ya stopu mbili hivi, yaani uso mmoja unahitaji mwanga mara nne ya mwingine ili nyuso zote mbili zisomeke sawa. Ukimpimia mwangaza mwanamke wa Kizungu peke yake, mwenzake aliye kando anageuka kivuli chenye meno. Ukimpimia huyo mwenzake, uso wa mwanamke unaungua na kuwa karatasi tupu. Dawa yake ilijulikana: unamsogezea mwigizaji mweusi taa kuu, unaweka wavu wa kupunguza mwanga upande wa mwenzake, na unaongeza taa ya pembeni yenye uso mpana ili mng'aro wake utembee juu ya shavu na paji, kwa sababu ngozi nyeusi hujionyesha kwa mng'aro kuliko kwa wingi wa mwanga. Kisha unawaambia wote wawili wasivuke alama zao za chaki, kwa kuwa hatua moja tu inaharibu hesabu yote.

Gharama ya dawa hiyo ni muda. Kila pembe mpya ya kamera inadai taa zipangwe upya kwa watu wawili wenye mahitaji tofauti, na muda studioni ni pesa. Gordon Dines, mpiga picha wa Pool of London, alilipa gharama hiyo, na matokeo yanaonekana: uso wa Cameron unasomeka hata katika giza la gatini, macho yake hayapotei. Kwa hiyo ujuzi ulikuwapo mwaka 1951. Filamu zilizofuata zikimwacha mwigizaji Mweusi gizani, hilo lilikuwa chaguo la bajeti: mhusika wa dakika tano hapangiwi taa zake. Na kwa kuwa hakupangiwa taa, watazamaji hawakumkumbuka, na kwa kuwa hawakumkumbuka, hakuna aliyemwandikia nafasi kubwa zaidi. Mzunguko huo haukuhitaji mtu mwenye chuki ili uendelee.

Baada ya Pool of London ungetegemea mikataba imiminike. Haikumiminika. Mwaka 1952 alipata sehemu katika Emergency Call, akiwa baharia tena, mmoja wa watu wanaosakwa ili watoe damu yao ya kundi adimu kumwokoa mtoto. Kisha ikaja filamu ambayo sisi wa Afrika Mashariki tuna haki ya kuisema kuliko wengine: Simba, ya mwaka 1955, iliyoongozwa na Brian Desmond Hurst. Hali ya Hatari ilikuwa imetangazwa Kenya tarehe 20 Oktoba 1952, na filamu ilitengenezwa wakati vita vya Mau Mau vinaendelea, maelfu ya watu wakiwa kambini. Dirk Bogarde ni Mwingereza anayewasili kumtembelea kaka yake shambani na kukuta ameuawa. Cameron ni daktari Karanja, Mkikuyu msomi anayetibu watu wa pande zote, ambaye baba yake, mzee wa kijiji, anageuka kuwa ndiye kiongozi wa wapiganaji. Baba huyo aliigizwa na Orlando Martins, Mnigeria wa Lagos. Kwa hiyo baba na mwana wa Kikuyu walikuwa Mnigeria na Mbermuda waliokutana studioni Pinewood, nje kidogo ya London.

Namna filamu hiyo ilivyoshutiwa inaeleza mengi kuliko onyo lolote la mwanzoni. Kikosi cha pili cha wapiga picha kilitumwa Kenya kuchukua mandhari, magari barabarani na watu wa mbali, kikitumia watu wa kusimama badala ya waigizaji wakuu. Matukio ya waigizaji wenyewe yalipigwa Uingereza, na mandhari ya Kenya yakaletwa nyuma yao kwa projekta. Mbinu hiyo hufanya kazi hivi: projekta inawekwa nyuma ya skrini inayopitisha mwanga, mwigizaji anasimama mbele yake, na kamera inatazama kutoka upande wa pili. Mota za projekta na kamera lazima ziende sambamba, fremu 24 kwa sekunde, la sivyo mandhari yanapepesa. Katikati ya skrini hung'aa kuliko pembeni. Taa za mwigizaji zikimwagika juu ya skrini, milima inapauka, hivyo mwigizaji husogezwa mbele mbali na skrini na taa zake huelekezwa kutoka kando. Hapo ndipo kasoro huonekana kwa mtu anayelijua jua letu. Karibu na ikweta, saa sita mchana jua liko utosini na kivuli kinalala miguuni. Studioni mwanga unatoka ubavuni, na kivuli cha pua kinaangukia shavuni.

Lakini kasoro kubwa zaidi si ya jua. Mbinu hii iligawa watu katika tabaka mbili za picha. Wakenya halisi wako ndani ya skrini, wadogo, wa mbali, wasio na sauti, wamepigwa picha miezi kabla na watu ambao hawakuwauliza majina. Mbele ya skrini wako waigizaji wa London wenye maneno ya kusema. Cameron ndiye aliyewekwa kwenye mpaka wa tabaka hizo mbili, awe Mkikuyu kwa niaba ya Wakikuyu waliobaki nyuma yake kama pazia. Anaigiza kwa heshima kubwa. Kuna uchovu katika mabega ya Karanja ambao hati haikuuandika, uchovu wa mtu anayeshukiwa na pande zote mbili kwa sababu ileile. Hata hivyo hati ilikuwa imeshamhukumu. Kwenye vibanda vyetu vya video tulikuwa na kanuni kwamba stelingi hafi. Stelingi wa Simba ni Bogarde, naye anabaki hai. Karanja anajitokeza kuwatuliza watu wenye hasira, na anauawa.

Ukiweka filamu zake kuu kando kwa kando, mpangilio unajirudia kiasi kwamba huwezi kuuita bahati. Mwaka 1959, katika Sapphire, pia ya Dearden, Cameron ni daktari Robbins, kaka wa msichana aliyekutwa ameuawa bustanini Hampstead Heath. Polisi walidhani msichana ni Mzungu, mpaka kaka yake anapoingia ofisini. Mlango unafunguka, mkuu wa upelelezi anainua macho, na kwa sekunde chache hakuna anayejua aanze na neno gani. Cameron hafanyi lolote. Anasubiri tu, kwa adabu ya mtu ambaye amewahi kusubiri hivyo mara nyingi, na kusubiri huko kunamwacha polisi uchi. Mwishoni anapelekwa katika nyumba ya washukiwa, anashika mwanasesere wa watoto wa nyumba hiyo, na mwuaji anashindwa kujizuia: kuona mikono ile juu ya kitu cha wanawe kunatoa chuki yote hadharani. Sapphire ilipata tuzo ya filamu bora ya Uingereza. Ilitoka mwaka mmoja tu baada ya ghasia za ubaguzi za mtaa wa Notting Hill, London, za 1958, na katika mwaka uleule ambao Kelso Cochrane, kijana kutoka Antigua, aliuawa kwa kisu mtaani London mwezi Mei.

Mwaka 1961 katika Flame in the Streets ni Gabriel Gomez, fundi wa kiwanda cha samani anayepiganiwa apewe usimamizi. Usiku wa tarehe 5 Novemba, Waingereza wanapowasha mioto mikubwa ya sherehe, anasukumwa motoni. Mwaka 1964 katika Guns at Batasi ni Kapteni Abraham, ofisa wa jeshi la nchi ya Afrika isiyotajwa jina, iliyopata uhuru punde. Wanajeshi wanaasi, Abraham anajeruhiwa, na sehemu kubwa ya filamu analala chumbani huku askari wa Kiingereza wakibishana kama wamkabidhi au la. Mtanzania, Mkenya na Mganda wataijua hali hiyo: mnamo Januari 1964 wanajeshi waliasi Dar es Salaam, kisha Jinja na Lanet, ndani ya siku chache. Filamu ilipotoka baadaye mwaka huo ilionekana kama habari. Richard Attenborough alipata tuzo kwa nafasi yake ya sajini meja. Abraham alibaki kitandani.

Baharia anaondoka na meli. Daktari anauawa. Fundi anaungua. Kapteni anavuja damu. Daktari wa pili anarudi nyumbani baada ya kumzika dada yake. Katika kila hadithi Cameron ni mtu wa kati, msomi au mstaarabu, asiye na kosa, anayewekwa hapo ili wahusika wa Kizungu wapimwe dhamiri zao kwake. Akiisha kuwapima, hadithi haimhitaji tena. Waandishi wa filamu hizi wengi walikuwa wapinga ubaguzi wa dhati, na sina sababu ya kutilia shaka nia yao. Walimpa utu kamili mhusika ambaye hawakumpa mustakabali. Mwigizaji anayekufa au kuondoka kabla ya mwisho hawezi kurudi katika filamu ya pili, hapati mwenzi, hapati mfululizo, na hajengi jina la kuuzia tiketi. Bogarde alimcheza daktari Simon Sparrow kwa mara ya kwanza mwaka 1954, akamrudia 1955, 1957 na 1963, na hivyo ndivyo nyota wa Uingereza alivyotengenezwa wakati huo. Daktari Karanja hangeweza kurudiwa.

Sasa tuzipime hoja za upande wa pili, tukianza na ile yenye nguvu. Wapo wanaosema tatizo lilikuwa soko. Mwaka 1950 Marekani ilikuwa na raia weusi wapatao milioni 15, wenye majumba yao ya sinema na magazeti yao. Uingereza ilikuwa na makumi ya maelfu tu. Sidney Poitier, ambaye naye alikulia katika visiwa vya Waingereza, Bahama, alianza kwenye sinema mwaka 1950 na kufikia 1964 alikuwa ameshika tuzo ya Oscar. Isitoshe, mahudhurio ya sinema Uingereza yalishuka kutoka zaidi ya bilioni 1.6 mwaka 1946 hadi takriban milioni 500 mwaka 1960, kwa hiyo mtayarishaji alihitaji kuuza Marekani ili kurudisha fedha zake. Na kanuni za maadili za Hollywood zilipiga marufuku kuonyesha mapenzi kati ya weusi na weupe mpaka zilipofanyiwa marekebisho mwaka 1956. Pool of London, kama ingekuwa na busu, ingepata wakati mgumu kupewa cheti huko. Hoja hii ni ya kweli kwa sehemu kubwa, na inaeleza kwa nini busu halikuwapo mwaka 1951. Haielezi 1959, wala 1964, wala 1973, wakati marufuku yalikuwa yameondoka na Poitier mwenyewe alikuwa akijaza kumbi za London. Haielezi pia kwa nini mwigizaji asiyehitaji mapenzi kwenye hadithi, kwa mfano mwanasheria au nahodha wa meli, hakuweza kuwa Cameron.

Ya pili inatoka kwetu, na inauma zaidi. Inasema Cameron aliikopesha dola ya kikoloni sura ya heshima. Wakati Simba inaonyeshwa London, Wakenya walikuwa wakiteswa kambini, na serikali ya Uingereza ilikuja kukiri hivyo bungeni tarehe 6 Juni 2013, ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228. Karanja, Mwafrika mwema anayekufa akiwasihi wenzake, ni picha iliyoifaa serikali hiyo. Hoja hii siikatai. Filamu inaonyesha panga za Mau Mau kwa kirefu na haionyeshi kambi hata moja, na hakuna uigizaji mzuri unaoweza kujaza pengo hilo. Ninachokataa ni kumbebesha lawama mtu aliyekuwa na uzito mdogo kuliko wote katika chumba kile. Hakuandika, hakuongoza, hakugharimia. Alichoweza kufanya ni kuamua Karanja atakuwa mtu wa namna gani, na alimfanya awe mtu ambaye watazamaji wa Kiingereza walilazimika kumwita daktari.

Hoja dhaifu kuliko zote ndiyo inayorudiwa kuliko zote: kwamba hapakuwa na nafasi kwa sababu watu weusi walikuwa wachache Uingereza, na filamu ziliakisi maisha yalivyokuwa. Mabaharia weusi na familia zao walikuwa wameishi Cardiff, Liverpool na gatini London kwa vizazi kabla ya meli ya Windrush, iliyoleta wahamiaji wa Karibi, kutia nanga Juni 1948. Ira Aldridge alikuwa Covent Garden karne nzima na zaidi kabla ya Pool of London. Na sinema yenyewe haikuwa ikiakisi maisha: ilijaza skrini majasusi, maharamia, wakuu wa Kirumi na viumbe wa sayari nyingine. Kilichokuwapo ni utaratibu wa kugawa nafasi. Hati inapofika ofisi ya wagawaji wa nafasi za waigizaji, inavunjwavunjwa: kila mhusika anapewa mstari wake wenye jinsia, umri, tabia na idadi ya siku za kazi, kisha picha za waigizaji zinaletwa mezani kulingana na mstari huo. Pale rangi isipoandikwa, ilisomeka kuwa ni Mzungu. Cameron alilieleza hilo waziwazi alipotimiza miaka 100 mwaka 2017: kama hati haikusema mhusika ni Mweusi, hawakumfikiria mwigizaji Mweusi, na wala hawakuwahi kuwaza kuibadilisha. Hakuna sheria iliyozuia hilo. Sheria ya Uingereza ya mwaka 1965 dhidi ya ubaguzi iligusa maeneo ya umma. Ajira haikuguswa hadi sheria ya 1968, Cameron akiwa na miaka 51.

Ushahidi bora kwamba mambo yangeweza kwenda vingine umo katika kazi yake yenyewe, na haumo katika filamu zinazosifiwa. Mwezi Oktoba 1966 televisheni ya BBC ilionyesha mkasa wa Doctor Who, tamthilia ya safari za anga na wakati, uitwao The Tenth Planet. Cameron ni mmoja wa wanaanga wawili wa chombo kilichopotea njia, mhusika aitwaye Williams. Hadithi haigusi rangi yake. Anasoma mita, anaripoti kasi, anaogopa kama mwanaanga yeyote angeogopa. Marekani haikuwa bado imemteua mwanaanga Mweusi. Ilifanya hivyo Juni 1967. Nafasi ile ilihitaji mtu mmoja tu katika ofisi ya wagawaji asiweke rangi kwenye mstari ulioachwa wazi. Ilikuwa rahisi kiasi hicho, na ilitokea mara chache kiasi hicho.

Wasomaji wengi wa mwambao wanamjua Cameron bila kujua kwamba wanamjua. Katika The Message, ya Moustapha Akkad iliyotoka 1976, ndiye Najashi, mfalme wa Uhabeshi anayewapokea Waislamu wa mwanzo waliokimbia Makka. Filamu ilipigwa mara mbili, Kiingereza na Kiarabu, na waigizaji tofauti, hivyo Cameron yumo kwenye toleo la Kiingereza. Bilali wa toleo hilo ni Johnny Sekka, aliyekuwa naye katika Flame in the Streets miaka 15 nyuma. Najashi ana tukio moja refu. Wajumbe wa Maquraishi wamekuja na zawadi, wanataka wakimbizi warudishwe. Mfalme anasikiliza pande zote mbili, anauliza, anasikia maneno juu ya Mariamu na mwanawe, kisha anaamua. Kwa mara moja Cameron ni mtu wa kati ambaye hukumu iko mkononi mwake, na hakuna anayemjeruhi kwa ajili hiyo. Tazama anavyoinuka kwenye kiti: sauti ni ileile ya chini, ila sasa chumba kizima kinaisubiri. Alikuwa karibu na miaka 60. Miaka mitatu baadaye alihamia visiwa vya Solomon pamoja na familia kuihudumia imani yake ya Kibahai, akakaa huko takriban miaka 15. Alirejea kwenye skrini uzeeni, akiwa rais wa nchi ya kubuniwa ya Afrika katika The Interpreter ya 2005. Mwaka 2012 ukumbi wa maonyesho mjini Hamilton, Bermuda, ulipewa jina lake.

Mlango ungekuwa umefunguliwa mwaka 1951, Idris Elba, mwigizaji Mweusi wa Uingereza, asingehitaji kusimama mbele ya wabunge mjini London mnamo Januari 2016 akieleza kwamba alikwenda Marekani kwa sababu nafasi za kucheza nyumbani zilimwishia. Kati ya Pool of London na hotuba hiyo kuna miaka 65. Kwa wenye filamu hizi, maana yake ni kwamba onyo la mistari miwili kuhusu mitazamo ya kale halitoshi na pengine linadanganya, kwa kuwa linaonyesha tatizo ni maneno yaliyotamkwa kwenye filamu. Simba inapotolewa upya iambatane na maelezo ya nani alipigwa picha Kenya na nani Pinewood, majina ya Waafrika waliomo yaandikwe yote yanayoweza kupatikana, na ieleweke ni nini kilikuwa kikiendelea kambini siku hizo.

Kwetu jambo lenyewe ni la leo. Kampuni za nje zinaendelea kuja Kenya na Tanzania kutafuta mandhari, na bodi zetu hufurahia kuhesabu vibali, vyumba vya hoteli na idadi ya watu walioajiriwa. Hesabu hizo zinakuja hatua ya mwisho, wakati nafasi zenye maneno zimeshagawanywa London au Los Angeles na wenyeji wamebakiziwa kupita nyuma ya waigizaji kamera inapozunguka. Wakati wa kuuliza ni hati inapovunjwa, kabla bajeti haijafungwa: ni mistari mingapi yenye wahusika wenye majina imeachwa wazi kwa waigizaji wa hapa, wangapi kati yao wanabaki hai hadi mwisho, majina yao yatakaa wapi kwenye orodha, na je, mpiga picha amepewa muda wa kuwapangia taa zao. Maswali hayo yawekwe kwenye fomu ya maombi ya kibali, na kibali kisitolewe mpaka yawe yamejibiwa kwa maandishi.